Asiyekuwepo Darasani, na Mtihani Wake Haupo?

Kanuni ya mahudhurio chuoni huonekana ndogo mwanzoni mwa muhula. Ikifika wiki ya mtihani, huwa kubwa kuliko karo. Mzazi na mwanafunzi wafanye nini mapema?

ASIYEKUWEPO na lake halipo, walinena wahenga. Methali hii wanafunzi wengi wa vyuo vikuu nchini huielewa barabara siku moja tu katika muhula: siku ambapo orodha ya wasioruhusiwa kufanya mtihani hubandikwa kwenye ubao wa matangazo wa idara.

Nyumbani, mzazi hana habari. Mtoto alipopata barua ya kuitwa chuoni, mbuzi alichinjwa, majirani wakachanga, na mama akashusha pumzi akidhani vita vimekwisha. Katika shule ya upili kulikuwa na kengele, kiranja na mwalimu wa zamu. Mtoto akikosa siku mbili, mzazi aliitwa. Chuoni hakuna kengele wala wa kumwamsha mtu. Kijana wa miaka 18 au 19 hupewa ratiba, akaachwa na nafsi yake.

Ukimya huo huwadanganya wengi. Hufikiri kwamba kwa kuwa hakuna anayeuliza, hakuna anayehesabu. Kumbe kuna karatasi inayopitishwa darasani, na siku hizi katika vyuo vingine kuna mtambo wa kugusa kwa kidole au simu. Hesabu inaendelea.

KANUNI YASEMAJE?

Kila chuo kikuu kina kanuni zake zilizopitishwa na seneti, na mwanafunzi hupewa kitabu cha kanuni hizo anapojiunga. Wengi hukitia mvunguni mwa kitanda. Ndani yake kuna kifungu kinachosema kwamba ili mtu aruhusiwe kufanya mtihani wa mwisho wa muhula, ni sharti awe amehudhuria sehemu fulani ya mihadhara ya somo hilo. Katika vyuo vingi vya humu nchini kiwango hicho ni thuluthi mbili. Vingine hudai asilimia 75, na kozi chache hupanda hadi 80.

Hesabu yenyewe ni rahisi, na inafaa ifanywe mezani na familia nzima. Tuchukue muhula wa wiki 14 na somo linalofundishwa mara moja kwa wiki, saa 3 kila mara. Hivyo ni vipindi 14. Kwa kiwango cha thuluthi mbili, mwanafunzi lazima awepo mara 10, yaani anaweza kukosa vipindi 4 tu. Kwa asilimia 75, lazima awepo mara 11 na akose 3. Kwa asilimia 80, awepo mara 12 na akose 2.

Vipindi 4 ni vingi au vichache? Kwa kijana anayelala hadi saa nne kwa sababu jana alitazama kandanda, ni vingi mno, na akivimaliza amejitakia. Lakini tumtazame mwingine.

Mfikirie msichana wa mwaka wa pili kutoka Bungoma, anayesomea Nairobi. Muhula ulipoanza, karo haikuwa imetimia, kwa hivyo alichelewa kujisajili kwa wiki 2. Huenda hata alikaa darasani wiki hizo, lakini jina lake halikuwa kwenye orodha, na sahihi isiyo na jina haihesabiwi. Katikati ya muhula babu yake akafariki. Matanga na mazishi ya upande wa kwao si jambo la siku moja; ukiongeza safari ya kwenda na kurudi, wiki nzima imekatika. Aliporejea alishikwa na homa ya matumbo, akalazwa, akapoteza wiki 2 nyingine.

Hesabu: 2, na 1, na 2. Jumla 5. Hajatoroka hata siku moja, na tayari amevuka mpaka.

Huyu na yule wa kandanda hupatikana katika orodha moja. Karatasi ya mahudhurio huandika nani hakuwepo. Haiandiki kwa nini. Hapo ndipo suala la huruma linapoingia.

KWA NINI VYUO HUSHIKILIA

Tusiwaonee wahadhiri. Wana sababu zao, tena nzito.

Kwanza, masomo mengine hayasomeki kwa kunakili madaftari ya rafiki. Mwanafunzi wa uuguzi au udaktari asiyefika wodini hajui kumshika mgonjwa, hata akikariri kitabu kizima. Mwanafunzi wa uhandisi hujifunza kwenye mashine, na wa kemia katika maabara. Anayesomea ualimu naye hupelekwa shuleni kufundisha, na watoto wa darasa hilo hawawezi kumsubiri. Katika kozi hizi, saa za mazoezi huangaliwa pia na mabaraza ya taaluma yanayosajili wahitimu, kwa hivyo mhadhiri hata akitaka kumsamehe mtu, mkono wake umefungwa. Nani kati yetu angependa kudungwa sindano na muuguzi aliyesamehewa masomo ya sindano?

Pili, kuna utafiti. Mwaka 2010, Marcus Credé na wenzake wawili huko Marekani walichapisha uchunguzi uliokusanya pamoja matokeo ya tafiti nyingi kuhusu mahudhurio ya wanafunzi wa vyuo. Waligundua kwamba kuhudhuria masomo kunaenda sambamba na alama nzuri kuliko hata mtihani wa kujiunga na chuo au matokeo ya shule ya upili. Kwa lugha ya nyumbani, mtoto aliyepata alama za wastani lakini haachi kufika darasani anaweza kumpita yule aliyeingia na alama za juu akalewa sifa.

Lakini uchunguzi huohuo ulisema jambo la pili ambalo wakuu wa vyuo hawapendi kulitaja. Kumlazimisha mwanafunzi ahudhurie kuliinua alama kwa kiasi kidogo tu. Anayekuja kwa kuogopa karatasi huweza kuketi nyuma na simu yake, mwili uko darasani na roho iko Eastleigh.

Tatu, ujanja umezidi. Wapo wanaowatilia wenzao sahihi, mmoja akawakilisha watano. Wapo wanaonunua barua za daktari kama mtu anunuavyo njugu. Mhadhiri aliyedanganywa mara tatu huwa mgumu kumwamini wa nne, hata kama wa nne anatapika kweli. Kila barua ya uongo humdhuru mwanafunzi mgonjwa kuliko inavyomdhuru mhadhiri.

NA MHADHIRI ASIPOKUJA?

Wanafunzi nao wana swali lao, na ni la haki. Mbona karatasi ya mahudhurio hupita upande mmoja tu?

Historia ya vyuo vyetu imejaa siku ambazo mwanafunzi alitaka kuwepo akazuiwa. Baada ya jaribio la mapinduzi la Agosti 1982, Chuo Kikuu cha Nairobi kilifungwa kwa zaidi ya mwaka mmoja. Katika miaka ya baadaye vyuo vilifungwa mara kwa mara kwa sababu ya ghasia, na wanafunzi waliorudishwa makwao waliamriwa kuripoti kwa machifu. Hayo nayo yalikuwa mahudhurio, ila hayakuleta shahada.

Mwaka 1993 wahadhiri wa vyuo vya umma waligoma wakidai chama chao, UASU, kisajiliwe, na mgomo huo ukaingia 1994. Chama kilisajiliwa mwaka 2003. Migomo ilirudi mwaka 2017, 2018 na 2024, na ule wa 2025 ulidumu kwa takriban wiki 7, kuanzia Septemba hadi Novemba. Muhula wa wiki 14 ukipoteza 7, hata mwanafunzi anayelala mlangoni mwa ukumbi wa mihadhara hupata nusu tu.

Hatusemi wahadhiri hawana haki ya kugoma. Tunasema kwamba chuo kinachopata njia ya kusogeza ratiba, kufidia vipindi na kuahirisha mitihani kwa maelfu ya wanafunzi wakati wa mgomo, hakiwezi kudai kwamba hakina njia ya kumfidia msichana mmoja wa Bungoma. Machi 2020, korona ilipofunga vyuo vyote, masomo yalihamia mitandaoni, na mahudhurio yakahesabiwa kwa njia nyingine. Penye nia pana njia.

FEDHA NDIYO SHINA

Wazee waliosoma miaka ya 1970 na 1980 hukumbuka kwamba serikali ilimlipia mwanafunzi masomo na chakula, tena ikampa pesa za matumizi zilizoitwa 'boom'. Mwaka 1991 serikali ilianzisha mpango wa mzazi na serikali kugawana gharama. Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu, HELB, iliundwa kwa sheria mwaka 1995. Mwaka 1998 Chuo Kikuu cha Nairobi kikafungua milango kwa wanafunzi wa kujilipia wenyewe, waliojulikana kama wa 'parallel', wengi wao wakisoma jioni baada ya kazi.

Tangu hapo, sababu kubwa ya mwanafunzi kukosa darasa imekuwa ni mfuko. Mkopo unapochelewa, yupo anayeendesha bodaboda asubuhi, anayeuza nguo za mitumba Gikomba, anayefanya kibarua cha ujenzi, au anayelinda usiku na kusinzia mchana. Yupo pia anayeishi mbali na chuo kwa kuwa nyumba za karibu ni ghali, na mvua ikinyesha, msongamano wa magari humfikisha darasani mhadhiri akifunga vitabu.

Kanuni za vyuo vingi huutambua ugonjwa na msiba. Kwa kibarua, nyingi ziko kimya. Hapa ndipo tunaposema wakuu wa vyuo wangefaa kufikiri upya. Kumzuia mtihani kijana aliyekosa vipindi akitafuta karo, halafu kumdai karo nyingine arudie somo, ni kumpiga teke aliyekwisha anguka. Lakini pia haifai mwanafunzi anyamaze muhula mzima, kisha aje na hadithi ya kibarua wiki ya mwisho.

NJIA ZILIZOPO

Habari njema ni kwamba kanuni za vyuo vingi zina milango ya huruma. Ubaya ni kwamba wengi huifahamu milango hiyo ikiwa imefungwa. Hii hapa.

Mtihani maalumu: Huu hupewa mwanafunzi aliyekosa mtihani kwa sababu inayokubalika, kama ugonjwa au kufiwa. Hufanywa kana kwamba ndiyo mara ya kwanza, na alama zake huhesabiwa zote.

Mtihani wa marudio: Huu ni wa aliyeanguka. Hata akipata 90, katika vyuo vingi huandikiwa alama ya kupita tu, ambayo kwa kawaida ni 40. Aliyekuwa mgonjwa akikubali kuandikishwa kwenye marudio badala ya mtihani maalumu, amejitia hasara itakayoonekana kwenye cheti maisha yake yote. Uliza jina la mtihani kabla ya kuufanya.

Kuahirisha masomo: Ikiwa ugonjwa ni mrefu, au karo haionekani kabisa, mwanafunzi anaweza kuomba kwa maandishi kuahirisha muhula au mwaka, nafasi yake ikahifadhiwa. Mwenye kuahirisha kwa barua hurudi kwa barua. Aliyetoweka kimya anaweza kuhesabiwa kuwa ameacha masomo, na kupigania nafasi yake tena huwa ni kazi ya kupanda mlima na gunia.

Ruhusa ya siku chache: Hii hutolewa na idara au kitivo kabla ya mtu kuondoka. Mwenye ruhusa mkononi huwa na la kuonyesha siku ya hesabu.

Tusisahau ile mitihani midogo ya katikati ya muhula, ambayo wanafunzi huiita 'kati'. Mara nyingi hubeba alama 30, na mtihani wa mwisho 70. Aliyekosa mitihani hiyo akabaki na 70 peke yake, hata akiweza kuketi mtihani wa mwisho, anakimbia mbio na mguu mmoja. Amwone mhadhiri wiki ileile aliyorudi.

WENGINE DUNIANI HUFANYAJE

Kenya si peke yake katika mjadala huu. Katika Chuo Kikuu cha Oxford, Uingereza, mihadhara mingi si ya lazima, lakini kikao cha mwanafunzi na mkufunzi wake hakikosekani bila maelezo, na mwanafunzi wa shahada ya kwanza sharti akae maili 6 au chini kutoka katikati ya mji huo wakati wa muhula.

Ujerumani, jimbo la Nordrhein-Westfalen lilipitisha sheria mwaka 2014 iliyokataza vyuo kulazimisha mahudhurio katika masomo mengi, ila yale ya maabara, mazoezi na safari za masomo. Mwaka 2019 sheria ikabadilishwa tena, katazo likaondolewa. Hata wao hawajaafikiana.

Marekani, kanuni za serikali zilizotungwa mwaka 1975 kuhusu usawa wa kijinsia katika elimu zinataka chuo kimpe mwanafunzi mjamzito au aliyejifungua ruhusa ya muda ambao daktari ataona unahitajika, kisha arudi katika hali aliyokuwa nayo. Kwetu, Katiba ya 2010, kifungu cha 27, inakataza ubaguzi kwa sababu ya ujauzito. Tungependa kuona kila chuo kikiandika waziwazi katika kanuni zake mama mchanga atapewa wiki ngapi, badala ya kumwachia abembeleze mlango kwa mlango na mtoto mgongoni.

HAKI YAKO KISHERIA

Wanafunzi wengi hudhani kwamba neno la mkuu wa idara ni la mwisho. La hasha. Kifungu cha 47 cha Katiba kinampa kila mtu haki ya kutendewa kwa uamuzi wa kiutawala ulio wa haraka, halali, wa busara na wa haki. Ikiwa uamuzi huo unaweza kumdhuru, ana haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Sheria ya mwaka 2015 kuhusu hatua za haki za kiutawala ilifafanua zaidi.

Maana yake ni kwamba mwanafunzi anayezuiwa mtihani anaweza kuomba aonyeshwe hesabu ya vipindi vyake, apewe nafasi ya kujieleza, na apewe jibu lililoandikwa. Kutoka idara huenda kwa mkuu wa kitivo, kisha kwa msajili wa masomo, na hata seneti. Likishindikana, kuna Tume ya Haki ya Utawala, inayojulikana kama ofisi ya Ombudsman.

Dini nayo ina nafasi yake. Kifungu cha 32 kinakataza mtu kunyimwa nafasi katika taasisi kwa sababu ya imani yake. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufani iliamua, katika kesi iliyoletwa na Kanisa la Waadventista wa Sabato, kwamba wanafunzi wake shuleni wapewe nafasi ya kuabudu Jumamosi. Mwanafunzi ambaye ratiba yake inagongana na ibada ana msingi wa kuzungumza, ila azungumze ratiba inapotoka, si usiku wa kuamkia mtihani.

MZAZI AFANYE NINI

Mzazi mpenzi, mtoto wako amekua, na huwezi kwenda kumkagua darasani. Lakini yapo unayoweza kufanya.

Muhula unapoanza, muulize: chuo chenu kinadai vipindi vingapi? Asipojua, mtume akasome kile kitabu kilicho mvunguni. Kukiwa na msiba nyumbani, kabla ya kumwambia afunge safari, muulize wiki hiyo ana nini. Pengine inatosha aje siku ya mazishi yenyewe kuliko kukaa matangani wiki nzima, na marehemu hatakasirika. Akija, mpe nakala ya kibali cha mazishi au barua ya chifu arudi nayo. Akiugua, weka kila karatasi ya hospitali, hata risiti.

Na karo isipopatikana, usimfiche. Wazazi wengi humwambia mtoto "nenda tu, Mungu atafungua njia," wakiona haya kusema hali ilivyo. Mtoto naye huona haya kuwaambia kwamba hajasajiliwa. Aibu hizi mbili zikikutana, mwaka mzima hupotea. Heri mkae chini mwezi wa kwanza, mwone kama ni kuahirisha muhula, kuomba msaada wa fedha za basari, au kuandikia ofisi ya maslahi ya wanafunzi.

Kwako mwanafunzi, ugonjwa hauna miadi, lakini barua ina tarehe. Peleka taarifa siku ya kwanza unayoweza, hata kama ni rafiki atakayeipeleka. Baki na nakala iliyogongwa muhuri. Usimwachie mwenzio akutilie sahihi. Mkigunduliwa, nyote wawili mtaitwa mbele ya kamati ya nidhamu, na kosa la utoro litakuwa limegeuka kosa la udanganyifu.

Kwa wakuu wa vyuo, ombi letu ni dogo. Msingojee wiki ya 13 kubandika orodha. Bandikeni ya kwanza wiki ya 5, mwite kila ambaye amekosa vipindi 2 au zaidi, mumuulize kulikoni. Aliyekuwa akilala ataamka. Aliyefiwa, anayeugua au anayebeba mawe kutafuta karo atasema, na kutakuwa bado kuna wiki 9 za kumsaidia.